Kamera ya Wanawake wa Bofu

Watu huniuliza nilisomea wapi kazi ya filamu, nami huwajibu ukweli: nilisomea kwenye maharusi. Hucheka wakidhani nafanya mzaha. Sifanyi mzaha. Vijana wa siku hizi wanaokuja kwangu na vyeti vyao, ukiwaambia kwamba mwanamke wa Likoni aliyeachia shule njiani alifundishwa kamera na makesha ya maharusi, wanakutazama kama mtu anayewapotezea wakati. Shauri yao.

Ilikuwa hivi. Katikati ya miaka ya themanini kamera za video ziliingia Mombasa, na kila mwenye harusi akataka kanda yake. Studio niliyofanyia kazi, kule kisiwani, ilikuwa ya mzee mmoja wa Kihindi, mtu mpole anayependa kulalamika. Akanunua kamera ya kubeba begani, nzito kama gunia la nazi, akamkabidhi fundi wake. Fundi akaenda, akapiga picha wanaume wakitoka msikitini, wanaume wakila pilau, wanaume wakipeana mikono. Kanda ikaletwa, ikatazamwa, na wenye harusi wakauliza: sasa harusi yenyewe iko wapi?

Maana kwetu harusi yenyewe iko ndani. Iko kwa wanawake, kwenye kupamba bibi harusi na ngoma za usiku kucha, ambako mabuibui yanavuliwa mlangoni, nywele zinaachwa wazi, dhahabu zinatoka makabatini, na mwanamume hatii mguu hata awe nani. Kamera yenye mwanamume nyuma yake haikuweza kupita mlango ule. Tajiri wangu, yule mzee wa studio, aliona kazi tamu zikimpita hivi hivi. Mimi nilikuwa msichana wa kaunta tu, napokea filamu za kusafishwa na kuwapa watu picha zao. Siku moja akaniita nyuma, akaniwekea lile gunia begani, akasema kuanzia leo ndiwe mtu wa video. Nilitaka kulia.

Nikaenda, nikapiga. Kurudi na kanda, fundi akakaa kwenye mashine aanze kuikatakata na kuiunga. Mara mama wa bibi harusi huyo mlangoni. Alisimama katikati ya duka na buibui lake, akasema kanda ya bintiye haitatazamwa na mwanamume yeyote, hata kipofu. Tajiri akamsihi, fundi akaapa kwamba atatazama mashine tu, mama hakusogea. Ikabidi nikae mimi kwenye kiti cha fundi, na fundi akanifundisha kazi huku amegeukia ukuta. Bonyeza cha kushoto. Simamisha. Rudisha nyuma kidogo. Sasa bonyeza vyote viwili. Wiki nzima mtu mzima na heshima zake alikaa akiutazama ukuta kwa ajili ya nywele za watoto wa watu. Ndiyo sababu nikisikia mabishano ya nani mpiga picha na nani mhariri, hunyamaza. Mimi nilikuwa vyote, na si kwa kutaka kwangu.

Baadaye, miaka ya tisini, nilitengeneza filamu nyingine. Za wanawake wanaoponda kokoto kando ya machimbo ya zamani ya Bamburi, za watu wanaopanga vyumba Changamwe na kulala kwa zamu, za wale wanaokaa karibu na uwanja wa ndege ambao hukatiza mazungumzo katikati, wakangoja ndege ipite, kisha wakaendelea palepale walipoachia. Nyingine zilifika nchi ambazo mimi mwenyewe sijakanyaga. Lakini zote zilitoka kwenye ile ya kwanza, niliyoipiga Bofu, mtaani kwetu Likoni, na ile ya kwanza nusura ivunje nyumba ya shoga yangu.

Shoga yangu huyu tulitenganishwa na ukuta mmoja tu. Mwanamke mrefu, mcheshi, mwenye ulimi. Akikutania utakasirika leo na kucheka kesho. Mumewe alikuwa akiendesha winchi bandarini, mtu wa maneno machache, mswalihina, anayeheshimiwa mtaani hata na wazee. Walipendana, na hilo nalisema wazi kwa sababu bila hilo kisa hiki hakina maana.

Mimba yake ya kwanza ilipofika mwezi wake, uchungu ulianza jioni, mdogo mdogo. Mumewe alikuwa anaingia zamu ya usiku. Akamwambia, uchungu wa kwanza huchukua muda, ningoje nirudi tuvuke pamoja. Alisema kwa huruma. Hakutaka mkewe apande feri bila yeye. Wakati ule upande wetu hapakuwa na mahali pa kuzalia. Dispensari ilikuwapo, lakini ilitoa dawa za homa na kufunga vidonda, na alasiri ikafungwa. Aliyetaka kuzaa kwa daktari avuke maji aende kisiwani. Basi uchungu haukungoja mtu. Shoga yangu na shangazi yake mzee wakatoka kabla ya alfajiri kuelekea feri kwa miguu, na mtoto akazaliwa njiani, kwenye baraza ya duka lililofungwa. Walirudi na mtoto amefungwa ndani ya leso. Wakasema alizaliwa amekufa.

Nilikwenda kumpa pole. Mumewe alirudi kutoka kazini akakuta maji yamekwisha kumwagika. Siku ileile alikichukua kile kifurushi mikononi, wanaume wachache wakafuatana naye, wakazika. Na hapa mtu wa mbali lazima aelezwe jambo. Kwetu tulivyofunzwa, mtoto akitoka tumboni akalia, hata mlio mmoja, huyo ni mtu kamili: anapewa jina, anaswaliwa, ndipo anazikwa. Asipolia anazikwa kimya. Huyu alizikwa kimya.

Shangazi naye akafariki mwaka uliofuata. Yule bwana hakulizungumza tena jambo la mtoto. Aliendelea na winchi yake, akachaguliwa mwenyekiti wa kamati ya mtaa, akazidi kuwa kimya.

Sasa ikaja ofisi moja ya misaada, ikasema itatujengea kitu kimoja. Kimoja tu, tuchague wenyewe. Baraza likaitwa. Wanaume mbele kwenye viti, wanawake nyuma kwenye mikeka. Wanawake wote walitaka chumba cha kuzalia kando ya ile dispensari, na mkunga wa kulala hapo. Hilo walikuwa wamelisema visimani mwezi mzima. Lakini barazani nani afungue mdomo? Mambo ya uzazi mbele ya wanaume wa watu? Wakainamisha vichwa. Mwenyekiti akasimama, mume wa shoga yangu, akazungumza vizuri sana, akasema mtaa unahitaji ukumbi wa mikutano na maharusi. Wanaume wakaitikia.

Mimi nilikaa pale nikihisi masikio yanawaka moto. Ukumbi wa maharusi! Hebu fikiri, mimi ndiye ambaye ukumbi ungenifaa kuliko wote, lakini niliona hasira. Baraza lilipovunjika nikamfuata yule afisa wa misaada, nikamwambia kwamba hajasikia mtaa, amesikia nusu yake. Akanijibu kwa adabu kwamba wenye maoni mengine waje wayaseme kwenye mkutano wa mwisho wa kamati. Nikamwambia hawatakuja, na wakija hawatasema. Akacheka, akasema basi niwaletee sauti zao. Nikasema nitazileta, tena kwenye televisheni.

Tulikutana nyumbani kwa shoga yangu alasiri moja, mumewe akiwa kazini. Niliwaita wanawake waje kueleza walivyozaa. Wakaja, masikini, kama wanaokuja kwenye harusi. Nywele zimepakwa mafuta na kusukwa, asumini vichwani, hina, wanja, magauni ya kung'ara. Mabuibui wakayarundika mlangoni. Hakuna aliyewaambia wajipambe. Waliijua kamera yangu, na kamera yangu siku zote ilikuwa ya ndani, kwa hivyo hakuna aliyeuliza kanda itatazamwa na nani. Nami nilivyozoea kuwaona hivyo kwenye kioo cha kamera, sikuona ajabu yoyote.

Na wallahi walizungumza. Mmoja alizalia ndani ya mtumbwi, akasema mpiga makasia alikuwa akisoma Yasini kwa sauti kubwa kuliko yeye alivyokuwa akipiga ukelele. Mwingine alizalia nyuma ya lori la mchanga. Waliwacheka waume zao, walilia, walicheka tena. Niligeuza kamera huku na huku nikiwa na furaha ambayo sikuwahi kuiona kwenye kazi.

Shoga yangu alikuwa amekaa pembeni, upepeo mkononi. Alikuwa mjamzito tena, tumbo ndiyo kwanza linaonekana. Siku hiyo hakumtania mtu. Kicheko kilipopoa akasema, bila kuulizwa:

"Wangu alilia."

Nikamgeuzia kamera.

Akasema mtoto alilia pale kwenye baraza ya duka, mlio mdogo, kama mtu anayebisha hodi nyumba ya pili. Akamweka kifuani, akamfunika kwa leso. Shangazi akakimbia kutafuta mtu mwenye gari, asipate. Mpaka adhana ya alfajiri ikaadhiniwa, mtoto akiwa hai. Kisha hakuwa hai. Walipokuwa wakirudi, shangazi akamwambia, mumeo ndiye aliyesema mngoje. Huyu akijua mtoto alilia, hatapata usingizi maisha yake yote. Tuseme hakulia. "Nikanyamaza," akasema. "Wakamzika bila jina, na mimi nilijua. Kila siku najua."

Sikuzima. Wanawake walikuwa wakilia kimya kimya, na mmoja akamshika mguu, akaushikilia tu.

Nikaenda studio siku ya pili, nikakaa kwenye kiti changu, nikawasha. Kioo kikajaa nywele. Vifua, vikuku, mikono mitupu. Lahaula! Ndipo nilipokumbuka kwamba kanda hii inakwenda kwa kamati ya wanaume. Nilicheka peke yangu kama mwendawazimu, kisha nikaweka kichwa juu ya meza.

Nikawaita tena. Mara hii nikawaeleza ni ya kutazamwa na nani, wakaja na mabuibui yao, wakakaa wima, mikono mapajani. Nikauliza maswali yaleyale. Hali ya uzazi je? Alhamdulillahi. Shida zipo? Shida hazikosi, lakini twamshukuru Mungu. Yule wa mtumbwi alisema alizaa salama, na kwamba anawashukuru wakubwa wote kwa juhudi zao. Wakubwa gani, jamani? Nilimtazama mpaka akaona haya. Lakini sikuweza kumlaumu. Mbele ya wanaume wasio wako huanzi kulalamika, unajibu vyema na kuuliza hali zao. Tumelelewa hivyo, nami pia. Kanda ile ya pili ilikuwa na adabu kamili, na haikuwa na kitu.

Nilikaa na hasira kama siku tatu nne hivi. Kisha nikafikiri: kilichokatazwa ni kuwaona. Basi wasionekane. Nikachukua kamera nikaenda kupiga picha ile njia yao. Nikapiga barabara ya kuelekea feri, mchanga na mashimo. Baraza ya lile duka. Mlango wa dispensari umefungwa alasiri. Leso zinakauka kwenye kamba. Miguu ya mwanamke mjamzito akipanda ubao wa kuingilia ndani ya feri. Halafu juu ya picha hizo nikaweka zile sauti za siku ya kwanza, na kicheko chao na vilio vyao. Hakuna aliyenifundisha. Baadaye watu waliosoma waliniambia kwamba ni mtindo, wakautafutia na jina.

Nikapita kila nyumba kuomba ruhusa ya sauti. Wengi walikubali. Nilimwuliza mmoja kama haogopi mumewe ataitambua sauti yake, akasema ataitambuaje naye hajanisikiliza tangu atoe mahari.

Kwa shoga yangu nilikwenda mwisho. Nilikuwa nimekwisha kuamua. Nikamwambia ya kwako nimeitoa. Akasema irudishe. Nikadhani anatania. Nikamwambia umerukwa na akili? Mwenyekiti wa kamati ni mumeo! Atakuwa amekaa kiti cha mbele! Tukagombana, tena kweli kweli, mpaka jirani akachungulia. Nilimwita mjinga, akaniita mwoga.

Kisha akakaa chini, akasema polepole:

"Nimejaribu kumwambia, shoga. Naufungua mdomo, linatoka neno jingine. Namwuliza chai. Namwuliza chumvi. Na huyu wa tumboni akija akalia, baba yake atafurahi, na mimi nitakuwa namsikia yule."

Nikamwuliza, akikuacha je? Akasema akimpa talaka itakuwa haki yake, si kwa kufa mtoto, mtoto ni wa Mungu, ila kwa kumfanya baba amzike mwanawe bila kumswalia. Alikuwa ameyafikiria yote hayo, peke yake, huku akitukaangia mahamri na kututania. Nilimwonea huruma mpaka nikashindwa kumtazama.

Nikashinda jambo moja tu: nilikataa yule bwana aisikie mara ya kwanza mbele ya wanaume wenzake. Aisikie kwake.

Televisheni walikuwa nayo wenyewe. Mimi nikaja na deki ya kuchezea kanda. Nikamwambia shemeji, hii ndiyo kanda ya kamati, itazame wewe mwanzo kama mwenyekiti. Nikaiwasha, nikaingia chumbani kwa shoga yangu, nikashusha pazia. Tukakaa kitandani tukishikana mikono kama watoto. Tulimsikia akicheka kwenye kisa cha mtumbwi. Tulimsikia akikohoa. Kisha ikaja sauti ya mkewe, na baada ya hapo hatukusikia kitu upande wake. Kanda ikaisha, ikabaki ile kelele ya mvua ya televisheni tupu, naye hakuizima. Tulingoja. Mwisho tukasikia kiti, tukasikia viatu, mlango ukafungwa taratibu. Nilipotoka kofia yake haikuwapo mezani.

Siku zilizofuata alimsalimu mkewe asubuhi, akala kidogo, akaenda kazini, akarudi, akalala sebuleni. Hakugomba. Heri angegomba. Shoga yangu akakonda usoni huku tumbo likikua. Aliamini mumewe anangoja mkutano upite ndipo ampe talaka, kwa kuwa alikuwa mtu wa kumaliza kazi moja kabla ya kuanza nyingine. Nami nikaamini hivyohivyo. Nikamwambia bado naweza kuifuta ile sehemu, ni kazi ya jioni moja. Akasema, mwulize mwenyewe.

Nikamvizia mlangoni akitoka kazini. Nikamwambia:

"Shemeji, kanda niipeleke ilivyo, au niipunguze?"

Alikuwa akivua viatu. Alivitazama vile viatu kwa muda.

"Ipeleke," akasema, akaingia ndani.

Mkutano ulifanyika chuoni, kwenye darasa la watoto wa Kurani, siku ya mapumziko. Televisheni ilikuwa ileile ya nyumbani kwa mwenyekiti. Aliisukuma mwenyewe kwenye mkokoteni, ameifunika shuka. Ndani walikuwamo wanaume wa kamati, imamu wetu, na yule afisa. Mwanamke nilikuwa mimi peke yangu, na buibui langu mpaka machoni, nyuma ya deki.

Mwanzo walijitanua kwenye viti kama watu wanaongojea mchezo. Halafu sauti zikaanza. Wallahi ningekuwa na kamera ya pili ningewapiga wao. Kila mmoja alianza kusikia nyumba yake. Huyu anakohoa, yule anakuna ndevu, mwingine ameinama anatafuta kitu sakafuni ambacho hakikuanguka. Hawakutazamana. Lakini hawakutoka pia, na kicheko cha mtumbwi kiliwashinda, wakacheka. Ikafika sauti ya shoga yangu, juu ya picha ya ile baraza, tupu, mlango wa duka umefungwa. Wangu alilia. Nikamweka kifuani. Wakamzika bila jina.

Nikazima. Afisa hakuwa mtu wa kwetu. Akauliza, bila kujua anauliza nini, mama huyo wa mwisho ni nani. Mwanamume wa kwetu hamtaji mkewe mbele za watu. Akilazimika husema watu wa nyumbani, basi. Niliona vichwa vikiinama kimoja kimoja.

Mwenyekiti akasimama.

"Ni mke wangu," akasema. "Mtoto ni wangu. Na aliyesema angoje ni mimi. Ukumbi wangu nauondoa."

Akakaa. Hakuna aliyepinga, na afisa akaandika alichoandika. Chumba kilijengwa, kidogo, cha mawe, chenye vitanda viwili na mkunga mkali kama pilipili. Kilichelewa, kama kawaida ya vitu hivyo. Shoga yangu hakukiwahi. Alikwenda kuhamia kwa jamaa kisiwani mwezi mzima kabla ya siku zake, mumewe akivuka kila jioni kwenda kumtazama, akajifungua mtoto wa kike. Wa tatu ndiye aliyezaliwa Bofu. Nami niliendelea na kazi hii mpaka leo, na makosa ya kazi nimeyafanya mengi, lakini sijapata tena kuogopa kama nilivyoogopa mchana ule wa chuoni. Kwa sababu kusema barazani ni kitu kimoja. Nyumbani mwenyekiti bado hakuwa amesema lolote.

Wanaume walipokuwa wakiinuka mle darasani, mwenyekiti alimsogelea imamu, wakanong'onezana. Nilimwona imamu akimshika bega. Sikungoja. Niliacha deki, niliacha waya, nikatoka mbio kwenda kumweleza shoga yangu, buibui likinipiga miguuni, mtu mzima mimi. Nikamkuta amekaa ukingoni mwa kitanda, amekwisha kuvaa, kibunda cha nguo zake kiko kando yake. Alikuwa amejiandaa kurudi kwao. Nikaanza kumwambia, sijafika katikati, tukasikia mlango.

Mumewe alisimama upande wa pili wa pazia. Tuliiona miguu yake, na nje tulisikia wanaume wengi barabarani wakizungumza kwa sauti za chini. Kisha akasema, na sauti yake ilikuwa imekatika:

"Imamu asema inajuzu kumswalia kaburini. Wenzangu wananingoja nje. Imamu ameniuliza jina la mtoto, nami sina." Akalishika pazia. "Wewe ulikuwa ukimwitaje?"

Shoga yangu akaweka mkono mdomoni. Muda wote ule, ujirani wote ule, mimi sikuwahi kufikiri kwamba alikuwa akimwita jina moyoni mwake. Mumewe alijua.

Akainuka, akasogea kwenye pazia, akamwambia. Yeye akalirudia mara mbili, asije akalisahau njiani, akatoka kwenda kwa wenzake.